Mpaka Uliopikiwa Wali

Leodegar Lihame hakuwa mtu mgomvi. Alisema hivyo mwenyewe, tena kwa sauti kubwa, hata waliokuwa wakivua ng'ambo ya mto Lumemo wakamsikia na kucheka. Alikuwa mkulima wa mpunga katika bonde la Kilombero, upande unaotoka Ifakara kwenda Idete, mwembamba mwenye shingo ndefu, na kila alipotaka kuthibitisha jambo alisimama wima kama korongo aliyeona samaki. Mapadri wa Kwiro walimbatiza miaka ya njaa, wakampa jina ambalo mama yake hakuweza kulitamka mpaka alipokufa. Mama alimwita Ligari, majirani wakamwita Deogari, na mkewe Scolastica, aliyepewa jina gumu zaidi siku hiyohiyo, aliamua kumwita Baba Rosa akapumzika.

Siku hizo Mjerumani ndiye aliyekuwa na nchi. Vita vya Maji Maji vilikuwa vimekwisha, watu wamerudi kutoka maporini, na kila mmoja alikuwa akijaribu kukumbuka shamba lake lilianzia wapi na kuishia wapi.

Leodegar hakuwa na haja ya kukumbuka. Shamba lake lilifyekwa na baba yake kabla ya vita, na kipande kizuri kuliko vyote kilikuwa kile cha mwisho upande wa mashariki, penye udongo mweusi unaoshika maji hata masika yakishaondoka. Mzee alikifyeka kipande hicho kwa shoka msimu mzima, kwa kuwa kilijaa matete na visiki vyenye roho ngumu. Kisha vita vikaja. Mzee akanywa ile dawa ya maji, akaaga, akapanda mlima na wenzake kwenda kulipiga boma la Mahenge. Hakurudi. Hakuna aliyeleta mwili, wala upinde wake, wala habari ya mahali alipoangukia. Wengine walikuwa na makaburi ya kufagia. Leodegar alikuwa na kile kipande, na alipokilima alilima polepole, kwa adabu, kama mtu anayemwamsha mzee wake usingizini.

Mpaka wa kipande hicho na shamba la jirani ulikuwa kichuguu. Wazee hawakuhitaji zaidi ya hapo. Mmoja alisema, "Mimi naishia kwenye kichuguu," mwingine akajibu, "Na mimi naanzia hapohapo," wakanywa pombe, maneno yakaisha. Lakini wakati wa vita na njaa mashamba yalilala, na mchwa hawakuwa na vita na mtu. Waliendelea na kazi yao. Watu waliporudi na kufyeka upya walikuta vichuguu viwili, vyote virefu, vyote vimeota nyasi, na katikati yake ndipo kilipolala kile kipande cha udongo mweusi.

Jirani sasa alikuwa Kelestini, mtoto wa yule mzee aliyepakana na baba yake Leodegar. Alikuwa mfupi, mwenye macho ya usingizi, asiyepandisha sauti hata akikanyaga mwiba. Upole huo ndio uliomuudhi Leodegar kuliko kitu kingine chochote. Akimwambia, "Kichuguu cha wazee ni kile cha mashariki," Kelestini hujibu taratibu, "Hapana, jirani, ni hiki cha magharibi," kisha humuuliza habari za watoto. Sasa mtu wa namna hiyo utagombana naye vipi?

Kelestini naye alikuwa na lake. Mwaka wa njaa mama yake alichimba viazi mwitu ndani ya kipande kile, akachimba kwa mti kwa sababu majembe yalichomwa pamoja na nyumba, na viazi hivyo ndivyo vilivyomweka mwanawe hai. "Mimi nipo kwa ajili ya udongo ule," alisema, na alisema kila mahali shauri liliposikilizwa, kwa sauti ileile ya kuomba chumvi.

Mwamba ngoma, ngozi huivutia kwake. Basi wakaenda kwa Akida.

Akida wa Ifakara alikuwa mtu wa Pwani, mwenye kanzu safi na mwavuli aliopenda kuufungua hata akiwa ndani ya baraza. Leodegar, akijua kwamba mkono mtupu haulambwi, alimpelekea kuku jike. Kelestini akapeleka jogoo. Akida akawapokea kuku wote wawili kwa haki, bila upendeleo, akasikiliza pande zote mbili, kisha akatoa hukumu ambayo mpaka leo naona ilikuwa ya busara, isipokuwa kwamba haikusaidia. Alisema kichuguu cha zamani lazima kiwe na shimo refu kuliko kipya. Vichuguu vyote viwili vichimbwe, vilinganishwe.

Wakachimba siku ya pili, mvua za kwanza zikiwa zimenyesha usiku kucha. Wanaolijua bonde wanajua mvua ya kwanza huleta nini. Mara tu majembe yalipogonga, kumbikumbi wakatoka, wengi, wanono, wakaruka kila upande. Watu waliokuja kusikiliza shauri wakavua nguo za mabegani wakaanza kuwakamata. Mashahidi wakakamata. Mtu wa Akida aliyetumwa kupima mashimo akatupa kamba yake akakamata naye. Jioni vichuguu vyote viwili vilikuwa vimelala chini madongoa, ushahidi wote umekaangwa na kuliwa, na hakuna aliyepima kitu.

"Zamani tulikuwa na mpaka mmoja," alisema Scolastica akimega ugali. "Mkagombana, ikawa miwili. Mmekwenda kwa Akida, sasa hakuna hata mmoja."

"Tutakwenda Mahenge," alisema Leodegar.

Safari ya Mahenge si ya kwenda peke yako. Kuna mto mkubwa wa kuvuka kwa mtumbwi, kuna simba katika matete, kisha kuna mlima. Kwa hiyo mshitaki na mshitakiwa waliondoka pamoja. Leodegar alibeba unga na Kelestini alibeba chungu, kwa kuwa Brigita, mke wa Kelestini, na Scolastica walikuwa wamepanga hivyo kisimani bila kumwuliza mtu. Njia nzima Leodegar alieleza namna atakavyomshinda Kelestini, na Kelestini alisikiliza, akisonga ugali. Lakini walipoanza kupanda mlima, Leodegar akanyamaza. Njia ilikuwa ileile aliyopita baba yake. Alitazama kila kichaka kana kwamba kuna mtu angejitokeza. Kelestini hakuuliza habari za watoto siku hiyo. Alichukua mzigo wa mwenzake, akauweka juu ya wake, akatangulia.

Bwana Mkubwa wa bomani walimwita Bwana Kamba, maana hakikuwapo kitu alichokiona asitake kukipima kwa kamba. Alikaa kwenye kiti barazani, karani wake pembeni akitafsiri. Leodegar alisimama akaeleza. Alieleza shoka la baba yake, visiki, kichuguu, mchwa, njaa, kichuguu cha pili na kumbikumbi, akaeleza mpaka koo likakauka. Habari ya vita tu aliipitia kwa mbali, kwa kuwa hata korongo anajua mahali pa kuinamisha shingo. Alipomaliza, karani alimgeukia Bwana Kamba akasema neno fupi kama chafya. Leodegar akamtazama kwa mashaka makubwa.

Hukumu ikatoka. Kichuguu si mpaka, alisema Bwana Kamba, kwa sababu kichuguu ni udongo na udongo hubadilika. Mpaka ni jiwe. Yeye mwenyewe angekuja kiangazi kupima na kuamua. Mpaka siku hiyo, mawe sita yaliyopakwa chokaa yangesimikwa katikati ya kipande, na yeyote atakayeyagusa atapigwa viboko hamsa ishirini na kuvaa mnyororo.

"Bwana Mkubwa," alisema Leodegar, "kwetu hakuna mawe."

Karani akatafsiri. Bwana Kamba akasema hakuna nchi isiyo na mawe.

Lakini ipo. Bondeni unaweza kulima tangu kuzaliwa mpaka kuzikwa na jembe lako lisigonge jiwe. Ndege wa mpunga tunawatupia madongoa. Chungu tunakiinjika juu ya mafiga ya udongo wa kichuguu, na mafiga hayo maji yakichemka na kumwagika hulainika, chungu huinama, na wali wa watu wanane huishia majivuni. Kila mwanamke wa bondeni ameshalia machozi kwa ajili ya figa. Hayo yote Leodegar aliyaeleza, na karani alipiga chafya nyingine.

"Bwana Mkubwa anasema mtayachukua hapa," alisema karani. "Yapo mengi."

Basi wakashuka mlima, kila mmoja na mawe yake kichwani na begani, Leodegar akimlaumu Kelestini kwa kila hatua. Mwenye mtumbwi alipowaona akakataa. Alisema ameshavusha mbuzi, maharusi, maiti na kengele ya Mapadri, lakini mlima hajavusha. Walimbembeleza mpaka akavusha, na maji yalifika ukingoni mwa mtumbwi kiasi kwamba Kelestini alisali kwa sauti, jambo ambalo hakuna aliyepata kulisikia kabla.

Mtu wa Akida akasimamia kazi. Mawe yalisimikwa, yakapakwa chokaa, yakang'aa katikati ya mpunga mchanga. Watu walikuja kutoka mbali kuyaona. Walioishi bondeni maisha yao yote waliyagonga kwa vifundo vya vidole, wakasikiliza. Scolastica na Brigita walikuja pia, wakayazunguka moja moja. Waliyatazama kama mtu anavyotazama bidhaa dukani kwa Mhindi, akiwa hana haraka.

Mpunga ukakua, ukayaficha. Mpunga ukavunwa. Na Leodegar alipokwenda kuangalia, mawe hayakuwapo. Kulikuwa na mashimo sita tu, yamekaa mstari mmoja, yamejaa maji ya mvua ya mwisho.

Siwezi kusema kwamba alisikitika. Ukweli ni kwamba alifurahi sana, furaha ile mbaya ya mtu aliyemfumania adui yake. Nani mwingine angeyang'oa? Akaenda mbio mpaka kwa Kelestini.

"Jirani, umeng'oa mawe ya Serikali."

Kelestini akafikiri. "Mimi nilidhani umeyang'oa wewe," alisema. "Nilinyamaza ili usipate taabu."

"Usijitie upole. Utapigwa hamsa ishirini."

"Habari za Rosa?" aliuliza Kelestini.

Leodegar akapeleka habari kwa Akida, Akida akaipeleka Mahenge, na kutoka hapo hakukuwa na pombe wala msiba ambapo Leodegar hakuzungumzia mawe. Huko nyumbani alikula vizuri kuliko wakati wowote. "Siku hizi wali wako hauungui, Mama Rosa," alimwambia mkewe, "wala hauna majivu." Scolastica akasema ni baraka za Mungu. Leodegar akaitikia amina. Jiko lilikuwa kibanda cha pembeni, na kwa desturi ya kwao mwanaume mwenye ndevu haingii jikoni. Anayeingia huitwa mlafi mpaka wajukuu zake walisikie jina hilo. Leodegar aliiheshimu sana desturi hiyo, kwa sababu ilikuwa rahisi kuiheshimu.

Kiangazi Bwana Kamba akaja. Alikuja na karani, askari na kamba mpya, amechoka, ameumwa na mbu, amekasirika tangu mtoni. Wakamwekea kiti chini ya kivuli cha nyumba ya Leodegar, maana yeye ndiye mshitaki. Watu walijaa. Bwana Kamba akauliza mawe yako wapi.

Leodegar akasimama, shingo juu. Alisema mwizi wa mawe ni Kelestini. Alisema nyumba ya Kelestini isakwe. Alisema mawe yakionekana, huyo mwenye nyumba apigwe hapahapa mbele ya watu wote, na watu wa nyumba yake wakapelekwe bomani, ili iwe fundisho. Alisema yote hayo vizuri sana, akatamani baba yake angemsikia.

Bwana Kamba akatoa kiko chake, akataka moto. "Lete moto," alisema karani.

Leodegar akamwita mkewe. Scolastica hakuwapo, tangu asubuhi alikuwa mtoni anafua nguo ambazo hazikuwa chafu. Rosa naye alikwenda na mama yake. Huwezi kumweka Bwana Mkubwa akisubiri na kiko mkononi kwa sababu ya desturi. Leodegar akainama, akaingia jikoni mwake kwa mara ya kwanza tangu alipojenga.

Kulikuwa na giza na harufu nzuri ya wali wa jana. Akachukua kigae, akachutama kuchota kaa. Mafiga yalikuwa matatu, meusi kwa masizi, makubwa, yametulia. Akashangaa udongo gani huo usio na ufa hata mmoja. Akagonga moja kwa kidole, likalia. Ndipo akaona kwamba chini, mahali ambapo moto haufiki, yalikuwa na mkanda mweupe wa chokaa.

Kikulacho ki nguoni mwako. Leodegar alikaa chini, juu ya kigoda cha mkewe. Aliyasikia maneno yake mwenyewe bado yanaelea nje kwa watu: apigwe hapahapa, watu wa nyumba yake wapelekwe bomani. Aliogopa, na hakujiogopea yeye. Mwaka wa vita aliwaona wanawake wakipitishwa na mnyororo shingoni, na hakusahau mwendo wao. Sasa alimwona Scolastica katika mstari ule. Alitaka kuyafukia mawe, lakini kwa kitu gani? Kwa mikono? Nje karani alikuwa akiita moto.

Akatoka na kaa mkononi. Kigae alikisahau ndani, na hakujua kwamba anaungua mpaka karani alipomwambia. Na hapo akamwona Kelestini anarudi kutoka kwake. Alikuwa ametumwa kuleta kigoda cha karani, na vigoda, kama inavyojulikana, hukaa jikoni. Alikishika kigoda kifuani kama mtoto mgonjwa. Uso wake, ambao haukupata kubadilika kwa njaa wala kwa shauri, ulikuwa rangi ya majivu.

Walitazamana. Hakuna aliyehitaji kuambiwa.

"Bwana Mkubwa anasema hivi," alisema karani. "Ana safari ndefu. Kama ninyi wawili mmepatana, kila mmoja anajua mpaka ulipo, yeye anapima, anaandika, anaondoka, wala hana haja na mawe. Kama hamjapatana, askari wanaingia nyumba zote, jikoni na ghalani."

Leodegar hakungoja. "Tumepatana," alisema. "Kipande ni cha Kelestini. Nilikosea kichuguu."

"Kipande ni cha Leodegar," alisema Kelestini wakati uleule. "Kichuguu ni chake, cha mashariki."

Leodegar akamgeukia mwenzake. "Jirani, nimesema ni chako. Mama yako alichimba viazi pale."

"Baba yako ndiye aliyefyeka."

"Nimekupa."

"Sikitaki. Chukua mwenyewe."

"Usinifundishe kuchukua. Miaka yote hii unakitaka, leo ninakupa mbele ya Serikali, unakataa?"

"Ninakataa," alisema Kelestini, na kwa mara ya kwanza maishani alipandisha sauti. "Ni chako, ni chako, nimesema ni chako. Kwa nini mtu huyu ni mbishi hivi?"

Ikawa ugomvi mkubwa kuliko wote uliotangulia. Walisogeleana, wakashikana mashati, kila mmoja akitaka kumtwika mwenzake udongo. Watu walianguka kwa kicheko. Mzee mmoja alilazimika kushikwa. Karani alijaribu kutafsiri, akashindwa, akaeleza kwa mikono.

Bwana Kamba hakucheka. Alivuta kiko chake polepole, akawatazama, na uso wake ukaanza kutulia, kama mtu aliyekuwa anatafuta njia katika matete akaiona. Akasema maneno machache. Safari hii karani hakupiga chafya. Alitafsiri neno kwa neno.

"Bwana Mkubwa anasema: huyu amesema si chake. Na huyu amesema si chake. Ninyi nyote mmesikia. Ardhi isiyo na mwenyewe, kwa sheria, ni mali ya Serikali. Hakuna ruhusa ya mtu kuilima, wala kufyeka, wala kupita. Shauri limekwisha."

Kamba ikavutwa kutoka mahali pa kichuguu kimoja hadi kingine. Vigingi vikachomekwa. Ubao wenye maandishi ukasimamishwa, na kwa kuwa hakuna pale aliyejua kusoma, kila mtu aliuelewa. Bwana Kamba akaahidi kwamba mawe mengine yataletwa kutoka Mahenge, na Brigita, aliyekuwa amesimama nyuma ya watu, akamwuliza jirani yake kwa kunong'ona kama safari hii yatakuwa makubwa kidogo, maana yeye ana chungu cha pombe.

Wote walipokwisha kuondoka Scolastica akarudi na nguo zake zilizofuliwa mara mbili. Leodegar alikuwa amekaa uani, kiganja kimepakwa mafuta ya nyonyo.

"Umeniua," alisema.

"Hujafa, Baba Rosa."

"Mawe ya Serikali, mwanamke wewe. Mawe ya mpaka."

"Yalikuwa sita," alisema Scolastica akianika kanga. "Mafiga ni matatu. Nyumba ni mbili. Mimi na Brigita tuligawana kisimani kabla mitungi haijajaa. Ninyi mmekwenda mpaka Mahenge kutafuta namna ya kugawana."

Leodegar akauliza wali uko wapi.

Vita vya panzi, furaha ya kunguru. Lakini hata kunguru huwa anakula. Serikali haikukilima kile kipande. Haikupanda pamba, haikujenga nyumba, haikurudi hata kukitazama. Matete yakaota, kisha miiba, kisha vichaka. Msimu mmoja tu, na kazi ya shoka la mzee ikaanza kupotea. Ndani ya vichaka hivyo wakahamia nguruwe, ambao walikuwa wanyama wa Serikali kwa kuwa walikaa katika ardhi yake. Mchana walilala kwa amani, na jua likianza kushuka walitoka, leo wanakula mpunga wa Leodegar, kesho wa Kelestini, bila upendeleo, kama Akida na kuku wake.

Mtu mmoja hawezi kulinda pande mbili. Ikabidi wajenge dungu moja refu karibu na vigingi, wakae juu yake zamu moja, mmoja akitazama magharibi na mwingine mashariki, migongo imegusana. Watu walipita njiani kwa makusudi ili wawaone.

Alasiri moja walikaa hivyo, mpunga unaanza kubeba, madongoa yamerundikwa miguuni.

"Ungenyamaza tu," alisema Leodegar. Alikuwa amelibeba neno hilo miezi. "Nilisema ni chako. Ungenyamaza, leo ungekuwa unalima. Ningekuwa napita, nakuona unalima. Ingenitosha."

"Na wewe ungenyamaza."

"Mimi nilikuwa na Mama Rosa. Nilikuwa nimeyaona mawe."

"Na mimi niliyaona ya kwangu," alisema Kelestini. "Lakini si hayo tu. Wewe ulipotoka jikoni na moto mkononi, unaungua wala hujui, nikajua na kwako yapo. Nikasema moyoni, huyu baba yake alibaki Mahenge. Hawezi kupeleka na mke."

Kando yao ndege walitua juu ya ubao wa Serikali, wakaruka, wakatua tena, na hakuna kati yao aliyewatupia kitu. Miaka yote ile, kwa Akida, njiani, mtumbwini, mlimani, Leodegar alikuwa amemweleza mtu huyu habari za baba yake, na mtu huyu alikuwa amesikiliza. Akajaribu kukumbuka siku hata moja ambayo yeye alimsikiliza Kelestini, asiipate.

Akageuka pale juu ya dungu, kwa shida, maana lilikuwa jembamba, mpaka wote wawili wakatazama upande mmoja, kwenye vichaka.

"Mama yako," alisema, "alichimbia wapi hasa?"

Kelestini akamtazama kwanza, kuona kama ni shauri jingine. Kisha akanyoosha mkono, akamwonyesha.